Mshukiwa Si Muuaji: Filamu ya Kikorea na Ulimi wa Msimuliaji

Nilicheka nami. Naliweka hilo mbele kabla msomaji hajadhani kwamba nimekuja kujifanya mtakatifu. Ilikuwa jioni ya mvua katika banda la video huko Mbagala, mabenchi yamejaa, na filamu iliyokuwa ikioneshwa ni Memories of Murder ya Bong Joon-ho. Ilikuwa imetiwa sauti ya Kiswahili na msimuliaji mmoja ambaye simtaji, kwa kuwa ugomvi wangu ni na kazi yake, wala sina kisa na mtu mwenyewe. Kwenye kioo alionekana kijana mwenye kovu la moto usoni na akili nzito, ameketishwa mbele ya wapelelezi. Mpelelezi mmoja alikuwa amelivika buti lake kitambaa ili teke lisiache alama mwilini. Akampiga kijana yule teke, kiti kikaenda upande wake na kijana upande wake. Msimuliaji akapaza sauti: "Mpe dozi huyo! Mpe dozi mpaka aimbe!" Banda zima likaangua kicheko.

Miezi kadhaa baadaye niliitazama tena filamu ileile, safari hii kwa Kikorea chenyewe na tafsiri ya maandishi chini ya kioo. Nilipoimaliza niliona haya. Niligundua kwamba kule Mbagala sikuwa nimeiona filamu ya Bong Joon-ho. Nilikuwa nimeona filamu nyingine, yenye picha zilezile, ambayo ndani yake polisi ni mashujaa wenye bahati mbaya, kila anayekamatwa ni jambazi, na tatizo pekee ni kwamba jambazi mmoja alitoroka. Picha hazikubadilishwa hata moja. Kilichobadilishwa ni maneno, na maneno ndiyo yanayotukutanisha katika ukurasa huu wa mashairi na lugha.

Kwa asiyeijua filamu hii, nitaeleza kwa ufupi. Ilitoka nchini Korea Kusini mwaka 2003. Chanzo chake ni tamthilia ya Kim Kwang-rim ya mwaka 1996, na chanzo cha tamthilia ni mauaji ya kweli yaliyotokea Hwaseong, kusini mwa Seoul, kati ya mwaka 1986 na 1991, ambapo wanawake na wasichana 10 waliuawa. Mdogo wao alikuwa na umri wa miaka 13, na mkubwa wao alikuwa bibi wa miaka 71. Katika filamu wapelelezi ni Park Doo-man na Cho Yong-koo, wenyeji wa mji ule mdogo, kisha Seo Tae-yoon anayekuja kutoka Seoul. Wanamkamata mtu wa kwanza, wa pili, wa tatu. Muuaji hapatikani. Filamu inakwisha.

Wapo wanaolalamika kwamba hadithi haina mwisho. Nimewasikia mara nyingi, na wengine ni watu wenye elimu yao. Hulitazama jambo lile kama wanavyotazama kitendawili: kimetegwa, hakikuteguliwa, basi mtegaji kashindwa. Lakini tuulize kwanza, kitendawili chenyewe ni kipi? Tangu mwanzo Bong haonyeshi hamu kubwa ya kumtafuta muuaji. Anawatazama wanaomtafuta. Katika maiti ya pili, wanakijiji wanatembea juu ya ushahidi kama watu walio sokoni, wakubwa wa polisi wanateleza kwenye tuta na kubingirika, na trekta linapita juu ya alama pekee ya kiatu ambayo ingeweza kumtambulisha muuaji. Inachekesha, nakiri. Kisha Park Doo-man, alipoona alama ile imepotea, anachukua kiatu cha kijana yule mwenye kovu, Baek Kwang-ho, na kutengeneza alama nyingine mwenyewe. Ushahidi wa kweli umekanyagwa na wa uongo umechongwa, na mhalifu hajaingia hata katika picha.

Liko tukio moja la mapema ambalo msimuliaji wetu alilipitia mbio, na kwangu ndilo ufunguo. Park hujigamba kwamba ana macho ya mganga, kwamba akimtazama mtu usoni humjua kama ni mhalifu. Mkuu wake anamwonyesha vijana wawili waliokaa ndani ya kituo wakijaza karatasi. Mmoja ni mbakaji. Mwingine ni kaka wa msichana aliyebakwa, aliyemkamata mbakaji yule na kumleta. Haya, mwenye macho, niambie yupi ni yupi. Park anawatazama. Kamera inawatazama. Filamu inaendelea na jibu hatupewi kamwe. Mtazamaji makini hubaki na swali hilo tumboni saa mbili nzima. Kule Mbagala msimuliaji alisema, "Yule wa kushoto ndiye mwenyewe, mcheki macho yake!" Kwa sentensi moja alitugeuza sote kuwa Park Doo-man.

Hapa nageukia lugha, maana ndipo uchungu wangu ulipo.

Kiswahili kimetupa maneno ya mahakama ambayo yana busara kuliko sisi tunaoyatumia. Mshukiwa. Mtuhumiwa. Mshtakiwa. Mfungwa. Yatazame yanavyomalizika: yote yamebeba ile -wa ya kutendwa. Hakuna hata moja kati ya hayo linalotuambia mtu yule amefanya nini. Yanatuambia wengine wamemfanya nini yeye: wamemshuku, wamemtuhumu, wamemshtaki, wamemfunga. Sarufi yenyewe inamwachia mtu nafasi ya kuwa hana hatia, na inatulazimisha tuulize nani anayeshuku, na kwa nini. Linganisha na muuaji, mwizi, mbakaji. Hawa wametenda. Kati ya mshukiwa na muuaji kuna mto mpana, na daraja lake ni ushahidi. Msimuliaji wetu aliuvuka mto ule kwa kuruka tu. Kila aliyekamatwa, tangu anapotokea, alikuwa "muuaji". Kwang-ho aliitwa muuaji. Baba wa watoto, yule wa pili, aliitwa muuaji. Yule kijana mwenye mikono laini wa kiwandani, Park Hyeon-gyu, aliitwa "muuaji mwenyewe, sasa wamempata!" Kufika mwisho banda lilikuwa limechanganyikiwa, watu wakiulizana wauaji ni wangapi.

Na kosa hili si lake peke yake, ndiyo maana naliandikia waraka mzima. Neno "mahojiano" tunalitumia kila siku. Fulani anashikiliwa kwa mahojiano. Mzizi wake ni kuhojiana, huyu amhoji yule na yule amhoji huyu, watu wawili wanaopeana hoja. Nenda sasa katika chumba kile cha chini cha filamu, penye mabomba na giza, uniambie ni nani anayehojiana na nani. Kwang-ho anafundishwa maungamo yake neno kwa neno, mbele ya kinasa sauti, kama mtoto anayekaririshwa jedwali la kuzidisha. Anapelekwa porini usiku na kupewa sepetu achimbe kaburi lake. Halafu mapigo yanakoma, na mpigaji, mpigwa na mpelelezi mwenzake wanakaa pamoja kula tambi nyeusi za jjajangmyeon wakitazama kipindi cha televisheni kinachohusu wapelelezi hodari, na wote wanaimba wimbo wa kipindi. Sijui tukio la filamu linaloogopesha kuliko chakula kile. Mateso yamekuwa kazi ya ofisi, yana saa ya mapumziko.

Korea ya wakati ule ilikuwa na lugha yake ya kuficha. Chun Doo-hwan aliingia madarakani kwa nguvu za jeshi mwishoni mwa mwaka 1979, na Mei 1980 wanajeshi wake waliwaua raia katika mji wa Gwangju. Mwaka 1986, mwaka ambao filamu inaanza, mwanamke aliyekuwa mwanafunzi na mwanaharakati wa wafanyakazi aliteswa kingono na mpelelezi katika kituo cha polisi cha Bucheon. Januari 1987 mwanafunzi Park Jong-chul alifia mikononi mwa wahoji mjini Seoul. Mkuu wa polisi akatoa maelezo ambayo Wakorea hawajayasahau: kwamba mpelelezi aligonga meza, "tak", na kijana akatoa sauti, "eok", akafa. Tak, eok. Viigizi viwili vya sauti, basi, maisha ya mtu yameelezwa. Sisi tunaopenda lugha tungepaswa kulichora tukio hilo ukutani, kwa maana ni nadra kuona dola zima likijificha nyuma ya silabi mbili. Ukweli ni kwamba alizamishwa kichwa majini. Hasira ya kifo kile iliwasaidia watu kujaa mitaani Juni mwaka uleule na kulazimisha uchaguzi wa rais kwa kura ya moja kwa moja.

Bong Joon-ho alisoma sosholojia chuoni Yonsei na ni kijana wa kizazi hicho cha maandamano. Hahubiri kuhusu udikteta popote katika filamu yake. Anauweka pembeni ya picha, mahali ambapo mtu mwenye haraka hatauona. Habari za mpelelezi wa Bucheon zinatoka kwenye televisheni ya mgahawani, wanafunzi wanawadhihaki polisi, na Cho, mwenye buti lenye kitambaa, anashindwa kuvumilia na kuanza ugomvi. Katika vurumai hiyo Kwang-ho anampiga mguuni kwa ubao wenye msumari wa kutu. Pepopunda inaingia. Mguu uleule uliokuwa ukipiga watu teke unakatwa. Nasema tena kwamba nilicheka katika lile teke la kwanza, na nadhani Bong alitaka nicheke. Hesabu yake inakuja baadaye, na inatujia sisi tuliocheka pia. Msimuliaji aliyetuambia kwamba ule mguu "umekatwa na ajali ya kazini" alitunyang'anya hesabu hiyo.

Usiku mwingine mvua inanyesha, na radio inapiga wimbo ambao hupigwa kila usiku wa mauaji. Aliyetambua uhusiano wa wimbo ule na mvua ni Kwon Gwi-ok, askari pekee wa kike kituoni, ambaye wenzake wanamwona kama mtu wa kuwaletea kahawa. Wapelelezi wanajua kwamba usiku huu mtu atakufa. Mkuu wao anapiga simu kuomba vikosi vije kuzingira eneo. Anajibiwa kwamba hakuna askari, wote wamepelekwa Suwon kuzima maandamano. Usiku mwingine ni wa mazoezi ya tahadhari ya vita: king'ora kinalia, maduka yanashusha milango, taa za mji mzima zinazimwa kwa amri ya serikali, na katika giza hilo lililotengenezwa na serikali msichana wa shule anashikwa. Hapo tasnifu yote imekamilika, na Bong hajasema neno. Dola lililokuwa na maelfu ya askari wa kuwapiga raia halikuwa na hata mmoja wa kumlinda msichana anayerudi nyumbani.

Msichana yule tulikwisha kumwona. Siku za nyuma Seo Tae-yoon alimbandika plasta mgongoni, kwa upole kama mjomba. Maiti ilipopatikana, plasta bado ilikuwepo. Tangu hapo Seo, mtu wa Seoul, mtu wa ushahidi, aliyekuwa akisema kwamba nyaraka hazisemi uongo, anageuka kuwa mkatili kuliko wote. Anamburuta Park Hyeon-gyu hadi kwenye reli, mbele ya handaki, mvuani, bastola mkononi. Wakati huohuo unafika waraka wa vipimo vya vinasaba uliosubiriwa kutoka Marekani, kwa kuwa Korea haikuwa na mitambo hiyo. Vinasaba havilingani. Seo anaitazama karatasi ile aliyoiabudu, anasema ni uongo, na treni inapita juu yake.

Sasa Park Doo-man, mwenye macho ya mganga, anamshika kijana yule uso na kumtazama ndani ya macho, kwa muda mrefu. Anakiri kwamba hajui. Halafu anamwambia maneno ambayo Song Kang-ho, mwigizaji wake, aliyabuni mwenyewe: bap-eun meokgo daninya.

Waraka huu ungeweza kuwa juu ya maneno hayo matatu tu. Sisi tuna mpunga shambani, mchele gunani na wali sahanini. Wakorea nao wana byeo, ssal na bap. Filamu inaanza katika shamba la byeo lililoiva, rangi ya dhahabu, na maiti ya kwanza katika mtaro pembeni yake. Inafikia kilele chake kwa swali la bap. Mfasiri wa Kiingereza, mwenye neno moja tu kwa hatua zote tatu, hawezi kuuona uzi huo hata akitaka. Sisi tunaweza. Tena bap, mbali na kuwa wali, ni chakula chote kwa jumla, na kumuuliza mtu kama amekula ni salamu ya Wakorea, ya mama kwa mwana, ya jirani kwa jirani. Kiambishi cha mwisho ni cha mkubwa kwa mdogo, au cha waliozoeana. Kwa hiyo mpelelezi anamwuliza mtu ambaye huenda amekata roho za wanawake: na kula, unakula lakini? Ndani ya swali hilo kuna huruma, kuna dharau, kuna uchovu wa mtu aliyeshindwa, na kuna mshangao wa kutojua ikiwa kiumbe mbele yake anaumwa njaa kama sisi. Ningelitafsiri hivyohivyo, "Na kula, unakula lakini?", na ningenyamaza, niiache mvua inyeshe.

Msimuliaji wetu alisema: "Nenda zako, lakini ujue ipo siku tutakukamata!"

Nataka msomaji apime uzito wa kosa hilo. Katika Kikorea, mtu wa serikali anasema sijui, kisha anauliza swali la kibinadamu lisilo na jibu. Katika Kiswahili cha banda la video, serikali inatoa ahadi. Filamu iliyotengenezwa ili kuonyesha kwamba nguvu ya dola haikuweza kuujua ukweli, kwa kuwa iliuzoea uongo wake yenyewe, inafanywa kuwa tangazo la jeshi la polisi. Na watazamaji walipiga makofi.

Najua nitajibiwa. Nitaambiwa kwamba msimuliaji ni mtu wa burudani, kwamba anafanya kazi ya papo kwa papo, kwamba Kikorea hakijui, kwamba bila yeye watu wa Mbagala wasingeiona filamu hiyo kabisa. Nusu ya hayo nayakubali. Simdharau msimuliaji wa filamu. Tangu enzi za Lufufu fani hii imekuwa mtoto halali wa utambaji wa hadithi, na nimewasikia wasimuliaji wenye ulimi ambao washairi wengi wangeutamani. Mtambaji hodari huongeza, hupunguza, hutia chumvi. Ni haki yake. Lakini mtambaji wa kale alijua hadithi inamhusu nani. Hakumfanya fisi kuwa mpatanishi ili ukumbi ucheke. Na hoja ya burudani haisimami hata kidogo, kwani filamu hii ilitazamwa na Wakorea zaidi ya milioni 5, waliburudika, walicheka, na wakaelewa kwamba wanachekwa wao. Mtu anayedhani watazamaji wa Mbagala hawawezi mambo hayo mawili kwa pamoja ndiye anayewadharau.

Kuna jibu la pili, la kisomi zaidi, ambalo nimelisikia tangu mwaka 2019. Wanasema muuaji amepatikana, basi filamu imepitwa na wakati. Ni kweli kwamba Septemba mwaka huo vipimo vipya vya vinasaba vilimtaja Lee Choon-jae, aliyekuwa tayari gerezani maisha kwa kumuua shemeji yake mwaka 1994. Alikiri mauaji yote 10 ya Hwaseong na mengine 4. Hakushtakiwa, kwani muda wa kisheria wa miaka 15 ulikuwa umekwisha mwaka 2006. Desemba 2019 polisi waliacha hata kuyaita mauaji hayo kwa jina la Hwaseong na kuyapa jina la Lee, baada ya wenyeji kuomba mji wao uondolewe aibu hiyo. Nao walikuwa na haki, jina si kitu kidogo.

Lakini mtu akisoma yaliyofichuka baada ya hapo ataona kwamba filamu ilikuwa na adabu mno. Polisi walikuwa wamewachunguza watu zaidi ya 20,000. Lee alikuwa mmoja wao, akaachiwa. Walikuwa wakimtafuta mtu wa kundi la damu B, yeye ni wa O. Mahakamani Novemba 2020 alieleza kwamba alikutana na wapelelezi mara kwa mara, nao walimwuliza habari za watu wengine. Kuhusu filamu alisema aliitazama, na hakuhisi chochote.

Na mauaji ya nane, yale ya msichana wa miaka 13, yalikuwa yamepata "muuaji" wake zamani. Mwaka 1989 alikamatwa fundi kijana wa miaka 22 ambaye polio ilimlemaza mguu. Alinyimwa usingizi, akakiri. Katika maungamo yake ilisemwa kwamba aliruka ukuta. Mtu mwenye mguu ule. Ripoti ya kitaalamu ya unywele iliwasilishwa kumtia hatiani, waraka rasmi wenye mihuri, na miaka mingi baadaye ikaonekana kwamba ulikuwa na kasoro kubwa. Alikaa gerezani miaka 20, akatoka mwaka 2009, na tarehe 17 Desemba 2020 mahakama ya Suwon ikatamka kwamba hana hatia na kumwomba radhi. Alikuwa mtu wa makamo. Yeye ndiye Kwang-ho halisi, isipokuwa Kwang-ho wa filamu aligongwa na treni akapumzika.

Huyo fundi, kwa miaka 20, magazeti, majirani na walinzi wa gereza walimwita muuaji. Hakuna aliyemwita kwa neno lenye -wa. Ndiyo maana sitaki kuambiwa kwamba tofauti ya maneno haya ni mchezo wa walimu wa sarufi.

Kwang-ho, tena, hakuwa tu mtu asiye na hatia. Wapelelezi walipoisikiliza upya kanda ya maungamo waliyomkaririsha, waligundua kwamba sehemu nyingine hawakumfundisha wao: alikuwa akieleza alichokiona kwa macho yake. Alikuwa shahidi. Pekee. Walipomrudia wakiwa na picha mkononi, alikuwa amekwisha kujifunza kwamba polisi ni watu wa kukimbiwa, akakimbilia relini. Neno shahidi, tumelipokea kutoka Kiarabu likiwa na maana mbili, aliyeona na aliyekufa kwa ajili ya haki, na Kwang-ho anazibeba zote mbili. Msimuliaji angekuwa na neno hilo ulimini bure, bila kutunga chochote. Alisema, "Jambazi limejimaliza lenyewe."

Basi nirudi katika ule mwisho. Mwaka 2003, Park Doo-man si polisi tena, ni mfanyabiashara mwenye shati safi. Anapita shamba lilelile, anashuka, anachungulia mtaro uleule. Msichana mdogo anamwambia ajabu, siku chache zilizopita mtu mwingine alichungulia hapohapo, akasema amekumbuka jambo alilolifanya pale zamani. Jina la Kikorea la filamu lina neno chueok, ambalo si kumbukumbu yoyote tu. Ni ile ambayo aghalabu mtu huirudia kwa mapenzi, kama picha za harusi. Muuaji alikuwa amekuja kutalii kumbukumbu yake tamu. Park anauliza, uso wake ulikuwaje? Msichana anafikiri. Wa kawaida tu, anasema. Kisha Park anageuka na kutukodolea macho sisi, kana kwamba anamtafuta yule mtu kati yetu. Bong amesema kwamba alitaka muuaji, akienda kuitazama filamu, akutane na macho hayo.

Wa kawaida tu. Maneno matatu mepesi ya Kiswahili, hayahitaji kamusi wala shahada, na yangetosha kuwafanya watu waliobanana kwenye mabenchi yale watazamane. Msimuliaji alimfanya mtoto yule aseme, "Alikuwa na sura mbaya, macho mekundu kama jini."

Macho ya Song Kang-ho yakabaki kwenye kioo, makubwa, yenye maji. Mvulana aliyekaa mbele yangu akamgeukia mwenzake na kuuliza, "Sasa mbona anatuangalia sisi?" Mwenzake hakujibu. Sauti ya msimuliaji ilikuwa tayari inatangaza filamu ya pili.